Mikono Tu, Uso Haumo

Kabla hujaniuliza lolote, kaoshe mikono uje unionyeshe kucha. Ndivyo ninavyowapokea vijana wanaokuja kwangu Al Hail, Maskat, kutaka kufundishwa ngoma za bongo, na wewe unayesoma usidhani utaponea. Ukiwa na kucha ndefu rudi kwenu kazikate, halafu uje, chai utaikuta ingali ya moto. Ngozi ya bongo ni nyembamba, na maikrofoni inasikia kuliko mama mkwe. Ukucha ukigusa tu, watu wa studio watakuambia rudia, na ukirudia mara ya tatu wanaanza kukutazama vibaya.

Mie naitwa Rahma, na kwa miaka ambayo nimeshaacha kuihesabu kazi yangu ilikuwa kuwa mikono. Ndiyo, mikono. Kama uliwahi kuangalia tamthilia za Ramadhani zilizotengenezwa hapa Maskat, ukaona jibaba la Kimeksiko lenye masharubu linapiga bongo mkahawani kabla ya kupigwa risasi, ile mikono ilikuwa yangu. Masharubu hayakuwa yangu, na risasi pia hainihusu. Nimekuwa Mkyuba, nimekuwa Mbrazili, nimekuwa mpiga ngoma wa meli iliyozama. Nimekufa mara nyingi sana, na kila nikifa narudi nyumbani kupika.

Namna yenyewe ilikuwa hivi. Muigizaji, mwanamme, anapigwa picha kuanzia mabegani kwenda juu. Anatikisa mabega, anafumba macho, anauma midomo, anavyodhani yeye kuwa wanamuziki hufanya hivyo. Akimaliza anakwenda zake kunywa kahawa, mie nakaa mahali pake. Navaa shati lake juu ya nguo zangu, natia pete zake, kamera inashuka karibu na ngozi, napiga. Ukija kutazama kwenye televisheni, mtu mmoja. Tatizo lilikuwa mabega. Mabega yao yanakwenda Nizwa, mikono yangu inakwenda Sohar. Ikabidi niwafundishe mabega kwanza. Mmoja, mtu wa kwetu mwenye jina lake kubwa tu, nilimwambia: "Mwanangu, jifanye umebeba ndoo mbili za maji na hutaki kumwaga." Akatulia, akatoka vizuri kabisa. Mpaka leo akiniona dukani anapiga kelele, "Shikamoo, Bi Ndoo!" na watu wote wanageuka.

Na zile pete! Zimetengenezwa kwa vidole vinene, basi mie nazizungushia uzi kwa ndani zisivuke. Siku moja uzi ukakatika katikati ya mdundo, pete ikaruka, chubwi, ndani ya kikombe cha kahawa cha Evaristo, mpiga tarumbeta wetu. Hakusimamisha kitu. Alipiga tarumbeta yake mpaka mwisho, akakaa, akainywa kahawa yote taratibu, ndipo akaitoa pete mdomoni akanirudishia. Tulicheka siku ile mpaka kazi ikalala.

Huyo Evaristo ndiye mwalimu wangu. Bila ya yeye leo ningekuwa bibi wa kawaida tu mwenye mikono mikubwa. Mtu wa Kolombia, wa pwani ya huko, mrefu, mwembamba, alikuja Maskat kupiga tarumbeta katika bendi ya hoteli kwa msimu mmoja, akasahau kuondoka. Bendi ikaenda zake, yeye akabaki kutungia muziki tamthilia na filamu. Mwongozaji akitaka rumba, akitaka cha-cha, akitaka bolero la kuliza watu, anamwendea yeye.

Tulijuana bila ya kuonana. Mie nilikuwa nikipiga bongo katika kikundi chetu cha taarabu cha wanawake, maana taarabu yetu na hayo mabolero ni ndugu wa tangu Unguja, tulikotoka. Wazee wetu waliyacheza kwenye santuri mie sijazaliwa. Siku hiyo tuna harusi hotelini, upande wa wanawake, na ukumbi umegawanywa kwa ule ukuta wa kukunja. Upande wa pili kuna karamu ya kampuni sijui gani. Tumo katikati ya wimbo, nasikia tarumbeta inanijibu ukutani. Ala! Nikapiga tena, ikajibu. Nikatia mbwembwe, nayo ikatia. Wanawake wakaacha kula, bibi harusi kasimama na taji lake, kila mmoja anautazama ukuta. Yakhe, tulichezana pale mpaka wale wa kampuni wakaanza kupiga makofi, na kwetu vigelegele vinarindima. Mwisho yule wa tarumbeta akatuma mhudumu aulize yule bwana anayepiga bongo ni nani, anamtaka kazini. Mhudumu akamwambia, "Bwana gani? Huko hakuna mwanamme hata mmoja."

Alipokuja nyumbani kuniomba hakuniomba mie. Mume wangu, Mungu amrehemu, alisema yeye hana neno, lakini mwenye nyumba ni Bimkubwa, yaani mama yangu. Bimkubwa akamkalisha, akamlisha halwa, akamtazama anavyokula. Alipoona anakula vizuri akatoa hukumu.

"Mikono mchukue," alisema, utafikiri anamuazima bakuli. "Uso haumo. Uso ukishaingia kwenye televisheni si wako tena, kila mtu sokoni atakuambia umenenepa."

Evaristo akaweka mkono kifuani. "Mikono tu, Mama," alisema, kwa Kiswahili alichofundishwa njiani na dereva wa teksi. Bimkubwa akamtilia kahawa nyengine. Tangu siku ile akawa anamwita Mgeni, na baada ya miaka yote ile, na mikate ya mofa yote aliyoila jikoni kwake, aliendelea kuwa Mgeni.

Somo lake la kwanza lilinitoa machozi. Sisi watu wa taarabu tunamfuata muimbaji. Akimuona shoga yake kaingia akataka kurudia ubeti, tunamngojea. Akitaka kuvuta sauti mpaka kesho, tunamngojea. Picha haikungojei, mwanangu. Studio ilikuwa chumba cha nyuma katika jumba moja la mtaa wa Madinat Sultan Qaboos, madirisha yamezibwa kwa magodoro, na mbele yangu televisheni. Mwanamke anafungua mlango, anamuona mume wake na mke mwengine, papo hapo bongo inyamaze. Mie nilikuwa katikati ya mdundo mtamu, roho ikakataa kuukata. Nilipomaliza, yule mwanamke alikuwa ameshaanguka, ameshachukuliwa hospitali na ameshapewa talaka, mie bado napiga. Evaristo alijishika kichwa. Siku ya pili akafunga kamba kwenye mguu wa kiti changu, akakaa nayo kule kwenye tarumbeta, na pahala pa kunyamaza pakifika anaivuta. Niliruka kama kuku. Lakini nilijifunza.

Mambo mengine nilijifunza kwa kuumia. Abaya za vitambaa vya kung'aa zinachakarisha, kwa hivyo ukienda kurekodi vaa pamba. Bangili zote zibaki nyumbani, hata ile usiyoivua tangu ulipozaa. Na kiyoyozi ni adui. Kikiwashwa ngozi inakauka, sauti inapanda. Kikizimwa ili turekodi, joto la Maskat linaingia, ngozi inalegea, sauti inaanguka. Nilikuwa nakwenda na mashine ya kukaushia nywele mkobani, na kila tukipumzika nazipasha ngozi moto. Walinzi wa lile jumba walidhani nna shughuli kubwa ya nywele, kila siku nakuja kuzitengeneza na kila siku natoka nimejitanda vilevile.

Nyinyi sasa mna bongo za kompyuta. Nimezisikia. Hazichoki, hazikosei, hazili. Nakubali ni nzuri. Lakini mjukuu wangu aliniwekea moja nikasikiliza, nikamuuliza, "Huyu anayepiga, amekasirika au amefurahi?"

Haya, sasa sogeeni, nifike penyewe.

Katika filamu na televisheni wimbo haumaliziki. Unakatwa. Mlango utabishwa, simu italia, mtu atapigwa kofi, na muziki wako unazimwa taratibu kama taa. Katika kazi zote alizofanya, Evaristo hakuwahi kuusikia mwisho wa wimbo wake kwenye picha. Hata siku moja. Na yeye alikuwa fundi wa kumaliza wimbo! Mtu anaweza kutunga wimbo kwa siku moja, halafu akakaa wiki nzima anatafuta utavyomalizika. Nilimwambia, "Evaristo, si watakata? Tunajisumbulia nini?" Akanijibu, "Rahma, ukikaribishwa nyumba ya mtu huondoki mbio katikati ya chai." Tukarekodi mwisho, kila wimbo, tukijua.

Lakini alikuwa akitamani, masikini. Tamthilia ikianza kuonyeshwa anakuja kwetu, anakaa jikoni mbele ya televisheni ya Bimkubwa, shingo kaitoa mbele, anangoja. Labda leo. Mlango ukibishwa kwenye picha na tarumbeta ikafifia, anarudi nyuma kitini. "Bado," anasema, halafu anauliza kama kuna maandazi. Mie yale "bado" yakiniuma mno. Bimkubwa alikuwa akimpa maandazi yaliyo makubwa zaidi.

Ndipo akaja Khalfan. Kijana wa kwetu, wazazi wake majirani zetu wa zamani, kasomea filamu karudi, anatengeneza filamu yake ya mwanzo. Khadithi yake ni ya baharia mzee aliyejifunza bongo bandari za mbali, na sasa anakaa peke yake katika nyumba ya Sidab, kijiji cha wavuvi. Khalfan akaja na fikra yake: mwisho wa filamu, baharia anapiga wimbo mmoja mzima. Kamera iko kwenye mikono, haikatwi, haihami, Evaristo dirishani na tarumbeta, sauti na picha zinachukuliwa papo hapo, kutoka pigo la mwanzo mpaka la mwisho. Halafu giza, filamu imekwisha.

"Mpaka la mwisho?" Evaristo aliuliza.

"Mpaka la mwisho, wallahi," alisema Khalfan. "Hakuna mlango, hakuna simu."

Evaristo alitunga wimbo ule akaumaliza kwa namna hii: tarumbeta inanyamaza, halafu bongo peke yake, mapigo matatu. La kwanza, la pili, na la tatu linachelewa kidogo, kama mtu anayegeuka mlangoni kukuaga. Tuliufanyia mazoezi mpaka Bimkubwa akawa anauimba akikuna nazi. Na Evaristo alikuwa keshatwambia kwamba filamu hii ikitoka anarudi kwao kwa dada yake, uzee umemfika. Kwa hivyo ama safari hii, ama basi.

Upigaji picha ulipangwa wiki ya mbele. Mie katikati nna harusi ya mtoto wa kaka yangu. Niambieni, shangazi mtu kweli asitie hina? Atakaa wapi siku hiyo? Nikatoa mikono, nikatiwa, maua mpaka kwenye viwiko, viganja vyote, vidole vyote. Nimekaa natabasamu, mikono nimeinyoosha inakauka, simu inalia. Siwezi kuishika. Biharusi mwenyewe akaniwekea sikioni.

Khalfan. "Bi Rahma, mwenye nyumba ya Sidab anasema wiki ijayo haiwezekani, wanawe wanarudi. Anatupa kesho asubuhi. Kesho tu."

Nikaitazama mikono yangu. Mikono ya baharia mzee, mwanamme, imejaa maua na majani.

"Bi Rahma? Upo?"

"Nipo," nikasema. "Nipo nimepambwa."

Niliosha hapohapo. Nilisugua kwa ndimu, kwa chumvi, kwa dawa ya meno, kwa ile dawa ya kufulia nguo nyeupe. Kila nikisugua inazidi kung'aa. Bimkubwa kasimama mlangoni anatazama, na badala ya kunionea huruma anajivuna. "Hina yangu hiyo," anasema. "Nimeitia mafuta ya karafuu mwenyewe. Hina yangu haijapata kutoka."

Asubuhi Sidab kila mtu alijaribu bakhti yake. Mpambaji wa filamu alikuwa binti wa Kitanzania, Neema, mtu wa Mwanza, mikono yake myepesi kwelikweli. Akanipaka rangi ya ngozi tabaka juu ya tabaka. "Mama, hii siyo hina," alisema, "hii ni rangi ya mlango." Nikapiga. Kidogo tu jasho likatoka, ngozi za bongo zikawa za kahawia na maua yangu yakarudi moja moja. Wakaniletea glavu za dereva. Nikapiga na glavu, Evaristo akacheka kwa mara ya kwanza siku ile, lakini sauti ilikuwa ya mtu anayekung'uta mto. Muigizaji mwenyewe akasema ajaribu yeye. Tukamshukuru.

Mwisho Khalfan akakaa kwenye kizingiti. Akasema kama haiwezekani atamalizia filamu kwa picha ya bahari tu, kimya kimya. Alikuwa karibu kulia, kijana wa watu. Nikageuka nikamuona Evaristo anaifuta tarumbeta yake, anairudisha kwenye sanduku.

"Bado," alisema.

Jamani! Nilimwambia Khalfan, "Nyanyua kamera."

"Mpaka wapi?"

"Mpaka usoni. Baharia wako muweke kitini asikilize. Anayempigia ni binti yake. Binti ana haki ya kutia hina."

Khalfan akasimama, macho yakawaka, halafu yakazimika. "Bimkubwa atanichinja," alisema. Alikulia mtaani kwetu, sheria aliijua. Na nyinyi msinicheke. Mie wakati huo nna wajukuu, lakini ruhusa ya Bimkubwa ni ruhusa ya Bimkubwa. Nikampigia simu nikamueleza yote. "Nakuja," akasema, akakata.

Tulimngoja watu wazima na akili zetu, tumekaa kama wanafunzi nje ya ofisi ya mwalimu mkuu. Akaja kaendeshwa na mwanangu, na sufuria mbili za sambusa na kachori, maana hawezi kwenda kugomba na watu mikono mitupu. Khalfan akambusu kichwani. Bimkubwa akakaa, mkoba mapajani, akasema, "Niupigieni huo wimbo."

Tukaupiga. Mwanzo kakaza uso. Tulipofika kati nikaona bega moja linatikisika, kidogo tu, halafu la pili. Bimkubwa alicheza cha-cha Unguja akiwa msichana, na waliomuona wanasema watu walikuwa wakimpisha uwanjani. Tarumbeta ikanyamaza. Nikapiga matatu yangu.

"Huu mwisho," alimuuliza Khalfan, "hamuukati?"

"Wallahi, Bimkubwa, hatuukati."

Bimkubwa akamtazama Evaristo. "Mgeni huyu amekula kwangu miaka yote," alisema, "na anataka kuondoka na njaa. Mie mgeni wangu haondoki na njaa." Halafu akanigeukia. "Uso umo. Lakini huo mtandio vua, wa kuendea dukani huo. Vaa wangu."

Mungu wangu, nyumba ile ililipuka! Neema alinikumbatia akanipaka rangi mpaka puani, Khalfan anakimbia huku na huku, Evaristo keshaitoa tarumbeta keshaibusu. Palibaki neno moja tu. Khalfan akamwendea Bimkubwa akapiga magoti. "Bimkubwa, sauti tunachukua papo hapo. Nakuomba, vigelegele hapana. Hata kimoja."

"Mwanangu anaonekana na ulimwengu mzima," alisema Bimkubwa, "mie nikae kimya?"

"Kimya, Bimkubwa. Nakubusu miguu."

Akalikunja pembe la kanga yake akalitia mdomoni, akaliuma.

Basi nilipiga. Nimepiga bongo maisha yangu yote na sijapata kupiga vile. Hapakuwa na shati la mtu wala pete ya mtu. Evaristo dirishani, mashavu yamemvimba, ananiuliza kwa tarumbeta nami namjibu kama siku ile ya ukutani, ila leo namuona. Nilisahau kamera. Nilicheka, na kicheko kimo ndani ya filamu, mkiitafuta mtakiona. Pigo la kwanza. La pili. Nikalingoja la tatu mpaka likaja lenyewe. Khalfan alisahau kusema kata, na pembeni Bimkubwa kanga imo mdomoni, macho yamemtoka pima.

Alipoambiwa sasa unaweza, kigelegele kikakataa kutoka. "Mmekiua," alimwambia Khalfan. Njia nzima kurudi Al Hail analalamika. Na miezi yote filamu ikitengenezwa, kila nikimpelekea chai anajigusa kifuani: "Kimekaa hapa. Kigelegele ukikimeza ni kama mwiba wa samaki."

Evaristo aliahirisha safari yake ili aione filamu. Usiku wa kuonyeshwa tulikaa safu moja, yeye, mie katikati, Bimkubwa kajitia udi na mtandio ule alioniazima akanivua siku ileile. Ilipofika mwisho, uso wangu huo ukajaa ukuta mzima, mkubwa kama nyumba. Nilitaka kuingia chini ya kiti.

"Umenenepa," Bimkubwa akaninong'oneza.

Evaristo hakusikia. Shingo yake iko mbele, kama jikoni kwetu. Hakuna mlango uliobishwa. Hakuna simu iliyolia. Tarumbeta ikapanda, ikashuka, ikanyamaza yenyewe kwa wakati wake. Akanishika mkono, hina imebaki kwenye ncha za kucha tu, akaubana. Pigo la kwanza. Alifumba macho. Pigo la pili. Ukumbi mzima hakuna anayekohoa. Linakuja la tatu, linachelewa, linachelewa...

Hakuna aliyekumbuka kumkataza Bimkubwa.

Kilitoka kile kigelegele cha miezi! Kirefu, kinapanda, kinazunguka dari, sijui mama wa umri ule pumzi aliitoa wapi. Wanawake wa kwetu walioko nyuma wakadakia, na wa mbele wakadakia, ukumbi ukawa harusi. Pigo la tatu lilizama humo. Halikusikika na mtu. Taa zikawashwa.

Mie nilikufa. Nimekufa mara nyingi kwenye televisheni lakini ile ndiyo ya kweli. Nikamgeukia Evaristo sijui nimwambie nini, mtu kangoja maisha yake yote. Akawa anacheka. Anacheka machozi yanamwagika, bega linagonga kiti. Akasimama, mrefu vile, akamuinamia Bimkubwa mbele za watu, kama bendi inavyoinama ikimaliza.

"Mama," alisema, "huo ndio mwisho. Mimi siku zote nilikuwa nautafuta, sikuujua."

"Kula ushibe," Bimkubwa akamwambia, akampa peremende kutoka mkobani.

Kwa hivyo, wanangu, mkirekodi malizeni nyimbo zenu. Mtaambiwa haina haja, kompyuta itazizima. Nyinyi malizeni. Hamjui nani yumo ukumbini.

Evaristo yuko kwao sasa. Wiki iliyopita kanitumia sauti kwenye simu: bendi ya vijana wa mtaani kwake wanapiga wimbo wetu, yeye kwenye tarumbeta, pumzi zimepungua lakini ndiye. Nikamwita Bimkubwa tukasikiliza pamoja. Tarumbeta ikanyamaza. Pigo la kwanza, pigo la pili, na pahala pa la tatu, wanawake wa Kolombia, masikini ya Mungu, wanajitahidi kupiga kigelegele! Evaristo kakiandika ndani ya wimbo. Wengine wanalia kama mbuzi, mmoja nadhani alikuwa anaita teksi.

Bimkubwa akasonya. "Ulimi wao mzito," alisema. "Mgeni kafika kwao na bado analishwa vibaya."

Akaninyang'anya simu. Akaniambia nimbonyezee pale pa kusemea. Nikabonyeza. Akavuta pumzi, akajishika kiuno, akakiachia, kizima, mpaka mwisho wake. Majirani wakatoka mbio, wakagonga geti wanauliza nani anaolewa.

Nikawaambia hakuna anayeolewa, wimbo ndio umekwisha.